Kwa Zuhura, kuhusu maswali ya kujaza nafasi zilizoachwa wazi

Mpendwa Zuhura,

Salamu nyingi kutoka Morogoro. Nimefurahi mno kusikia kwamba umeamua kuomba nafasi ya shahada ya uzamili Marekani na kwamba umekwisha kuanza kujiandaa kwa mtihani wa GRE. Umenieleza kuwa sehemu ya lugha inakutia hofu, hasa maswali ya kujaza nafasi zilizoachwa wazi, na kwamba kila usiku unakariri orodha ya maneno magumu ya Kiingereza. Niruhusu nikushauri kwa uwazi: punguza kukariri, uongeze muda wa kuichambua sentensi yenyewe.

Maswali haya hayapimi msamiati peke yake. Mwaka 2011 ETS, ambao ndio watunzi wa mtihani, waliondoa maswali ya kutaja kinyume cha neno na yale ya kulinganisha jozi za maneno, wakabakiza yanayomlazimu mtahiniwa kufuata hoja. Ushahidi wa jibu umo ndani ya maandishi, nawe unapaswa kuutafuta kabla hujayatazama majibu. Chukua mfano huu, ambao nimeutunga kwa Kiswahili ili hoja ionekane vizuri: "Ingawa mwanahistoria huyo alifahamika kwa ukali wa kalamu yake, tahakiki aliyoiandika juu ya kitabu hiki ni ____ kiasi cha kuwashangaza hata wanafunzi wake." Neno "ingawa" linatangaza kwamba kinachofuata kitapingana na ukali, na mshangao wa wanafunzi unalithibitisha hilo. Basi jaza neno lako mwenyewe, "ya upole", hata kama limekujia kwa Kiswahili, ndipo usome majibu uliyopewa. Anayeanza na majibu huvutwa na neno lenye maana ya "ndefu" au "ya kitaalamu", kwa kuwa tahakiki nyingi huwa hivyo, ilhali sentensi haikugusa urefu wala utaalamu.

Katika maswali yenye nafasi mbili au tatu, hulazimiki kuanza na ya kwanza. Anza pale penye ushahidi ulio wazi zaidi, kisha jibu hilo likuongoze kwenye nyingine. Kumbuka kwamba ukikosea nafasi moja tu, swali zima limepotea, kwa hiyo ukimaliza soma kifungu chote upya pamoja na maneno uliyoyachagua.

Aina nyingine hukupa sentensi moja yenye nafasi moja na maneno sita, uchague mawili yatakayoipa sentensi maana ileile. Hapa mitego ni miwili, na naiona kuwa mikali kuliko yote. Kwanza, hukosi kukuta visawe viwili vinavyopendeza machoni lakini havikubaliani na sentensi. Pili, kuna neno linaloingia vizuri kabisa, ila halina mwenzake kati ya yale matano yaliyobaki. Hilo liache, hata kama moyo unalipenda.

Sisemi kwamba msamiati uutupe. Jifunze maneno ukiwa unasoma makala ndefu za sayansi, historia na uhakiki wa sanaa, na uandike kila neno pamoja na sentensi ulimolikuta. Zingatia hasa maneno unayodhani unayajua: "qualify", ambalo sisi tumezoea kulielewa kuwa ni kufuzu, katika maandishi ya kitaaluma mara nyingi humaanisha kuwekea kauli mipaka.

Kuhusu muda, tangu Septemba 2023 mtihani umefupishwa, na sehemu ya lugha ina mafungu mawili: maswali 12 kwa dakika 18, kisha maswali 15 kwa dakika 23. Maswali ya ufahamu, yaliyomo katika sehemu hiyohiyo, hula muda mwingi, kwa hiyo jizoeze kumaliza swali la kujaza nafasi kwa takriban dakika moja. Jibu lisilo sahihi halikupunguzii alama, basi usiache swali lolote tupu. ETS hutoa pia majaribio ya bure ya POWERPREP. Nakusihi usiyamalize mapema, kwa maana ndiyo yanayofanana zaidi na mtihani wenyewe, na ada ya kuurudia ni kubwa kwa watu wa kipato chetu.

Nitumie sentensi kumi zilizokushinda wiki hii, na chini ya kila moja uandike ni neno gani ndani yake lililokufanya uchague jibu ulilochagua. Nitazipitia zote na kukujibu kabla ya Jumapili.

Wako akupendaye,
Mariamu