Dimbwi la msimu ni makazi ya chura, lisifukiwe ovyo

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nimtetee chura yule mwenye ngozi ya vinundu, ambaye wengi wetu tumemwona usiku akiwa amejibanza chini ya taa ya nje, akisubiri kumbikumbi waanguke. Wataalamu humwita Sclerophrys gutturalis, naye huishi katika eneo kubwa la mashariki na kusini mwa Afrika, kuanzia Kenya hadi Afrika Kusini, nyikani, mashambani na hata mijini.

Kwa kuwa tunakutana naye kila mahali, tumejiaminisha kwamba hahitaji makazi maalumu, na hilo si kweli. Mchana hujificha chini ya mawe na magogo au kwenye mashimo yenye unyevu, kwani hanywi maji kwa mdomo bali huyafyonza kwa ngozi ya tumboni. Mvua zinapoanza, dume hukaa ukingoni mwa maji yaliyotulia, akavimbisha koo na kukoroma usiku kucha hadi jike aje. Jike hutaga maelfu ya mayai kwa mkupuo mmoja. Asubuhi moja niliinama kwenye dimbwi la jirani nikayaona: nyuzi ndefu za utelezi zilizozongwa kwenye majani, na ndani yake vidoa vyeusi vimefuatana kama shanga. Siku chache baadaye viluwiluwi walijaa tele, na kabla hawajaota miguu kikamwagwa kifusi juu yao ili kiwanja kisawazishwe. Jambo hilo linaniuma hadi leo.

Wapo pia wanaommwagia chumvi au kumponda kwa mawe wakidhani anaambukiza chunjua. Chunjua huletwa na virusi ambavyo watu huambukizana wenyewe kwa wenyewe. Sumu anayo, katika tezi mbili zilizovimba nyuma ya macho, nayo humdhuru mbwa anayemng'ata. Aliyemshika kwa mkono anawe kwa sabuni tu.

Simtetei awe popote duniani. Alipopelekwa Mauritius mwaka 1922 ili ale wadudu waharibifu wa miwa, aliwala pia wadudu na konokono wa asili ya kisiwa kile. Ila huku ni kwao. Kwa hiyo nawaomba wanaoandaa viwanja wayakague madimbwi mapema, na pale ambapo lazima yafukiwe, wasubiri kiangazi, vyura wachanga wakiwa wameshatoka majini.