Barua kwa wamama na makungwi wa Newala: mtoto wa darasa la pili sio mwali

Wanangu, na nyie makungwi wenzangu, salamu nitatoa siku nyingine maana leo nimechukia. Likizo hii nimeona mtoto wa miaka 7 kafungwa kanga kaingizwa ndani na wanawali wakubwa, nauliza huyu vipi, najibiwa "bibi we humuoni, kifua kishatoka". Kifua kishatoka! Mtoto bado ananyonya kidole, nyimbo zinaimbwa yeye anasinzia, shangazi yake anamfinya aamke asikilize habari za mume.

Mi sipingi unyago. Nimechezwa, na watoto wa watu nimewacheza wengi. Ila siku hizi shughuli zinafuata hela ya korosho, mnada ukilipa vizuri baba anataka ngoma na spika, alafu mdogo mtu anaunganishwa na dada yake ili gharama iwe moja, na baba akiulizwa anasingizia kifua cha mtoto. Mtoto akitoka hapo kijiwe kizima kinajua "yule kashachezwa", na nyie wanaume mnaanza kumuangalia vingine wakati akili yake bado iko kwenye rede. Sheria ya Mtoto ya 2009 inasema chini ya miaka 18 ni mtoto, haijasema mpaka atoke matiti.

Sasa nisikilizeni. Kawaida matiti ya msichana yanaanza kati ya miaka 8 na 13, na hedhi inakuja kama miaka 2 au zaidi baadae. Yakianza kabla ya 8 huyo hajakua, huyo ni wa kupelekwa hospitali. Ubongo ndo unatoa amri, tezi iliyo chini yake inaamsha ovari, ovari zinamwaga homoni ya estrojeni, na amri hiyo inaweza kutoka mapema mno. Kwa wasichana wengi hakuna ugonjwa unaoonekana, ila wachache ni uvimbe, kwenye ubongo au kwenye ovari, ndo maana mtoto akilalamika kichwa au macho hayaoni vizuri msimpe panadol mkanyamaza. Na msifurahie anavyorefuka kuwapita wenzie, mifupa yake inaweza kufunga mapema ikaacha kurefuka, ukubwani akabaki mfupi.

Daktari atampima urefu na uzito, damu, na picha ya mkono wa kushoto kuona mifupa ina umri gani. Wengine wataambiwa wasubiri na kufuatiliwa tu, wengine kuna sindano za kusimamisha balehe mpaka umri wake ufike.

Krimu na dawa za homoni za mama zisiguswe na mtoto. Matiti yasikandwe. Asichekwe. Hedhi mumuelezee mapema, na huyo wa miaka 7 mwambieni asikubali mtu amshike, hata kama ni mjomba.

Mwanangu, we mama unayelia usiku ukidhani umelogwa au mtoto kachezewa, kuuliza muulize, taratibu, bila fimbo, ila hospitali usiache. Anzieni zahanati, waombeni rufaa mwende Mtwara, hospitali ya Ligula au ile ya Kanda pale Mitengo, mumuulizie daktari wa watoto. Na kadi ya kliniki mkaibebe, ile yenye tarehe ya kuzaliwa, maana swali la kwanza ni umri, na wengine wenu umri wa mtoto mnaukisia kwa misimu ya korosho.