Barua ya wazi kwa Waziri wa TAMISEMI: kopo linalolia bwenini

Mheshimiwa Waziri,

Salaam kutoka Temeke. Kwa miaka kumi na tisa nilikula kwa kutikisa manyanga kwenye bendi ya dansi hapa Dar es Salaam. Sikio langu linaijua sauti ya punje zikigonga ndani ya kitu kilicho nusu tupu, ndiyo maana nakuandikia kuhusu kopo la dawa.

Kopo la vidonge vya kufubaza VVU likijaa, halisemi. Likifika nusu linaanza: chaka-chaka-chaka. Mtoto akilitoa kwenye tranka usiku, bweni zima linasikia. Watoto wa kliniki wana ujanja wao: hushindilia pamba juu ya vidonge, wengine huvihamishia kwenye soksi. Wapo pia wanaoacha kunywa mpaka likizo. Hao ndio wanaoninyima usingizi, kwani dawa ikinywewa kwa kurukaruka virusi huizoea, na siku ukiirudia haifui dafu.

Dada yangu alifariki 2003. Mwaka uliofuata serikali ikaanza kutoa dawa bure. Aliniachia binti wa miaka miwili, mimi mtu wa usiku, nikitoka ukumbini alfajiri na jasho langu namkuta macho. Tulikua pamoja, kusema kweli.

Alipokuwa kidato cha pili, matroni wa shule moja ya bweni (siitaji, simwoni kuwa mtu mbaya, hakuna aliyemwelekeza) alifanya ukaguzi wa matranka. Akaliinua kopo, akalitikisa mbele ya wasichana wenzake. "Hizi za nani, na za nini?" Binti hakujibu. Wiki ile alirudi nyumbani na tranka lake kichwani. Manyanga niliyatundika ukutani, nikaanza kuzunguka na watoto wa kliniki. Wenzangu wa bendi walidhani nimerogwa.

Sheria ya UKIMWI ya 2008 inalinda siri ya mgonjwa na inakataza unyanyapaa. Nzuri. Ila hailali bwenini.

Mheshimiwa, shule za serikali ziko kwako, zahanati na vituo vya afya viko kwako. Mwenye nyumba ni mmoja, vyumba havisalimiani. Tarehe ya kliniki ikiangukia Jumanne, mwanafunzi anaandikwa mtoro. Akitaka ruhusa, anaulizwa anaumwa nini, mara nyingine mbele ya foleni ya wenzake.

Naomba waraka, hata wa ukurasa mmoja. Kuwe na kadi moja ya ruhusa ya kliniki isiyotaja ugonjwa, aitumie mwenye pumu, mwenye kisukari, mwenye selimundu na mwenye VVU, asijulikane nani ni nani. Dawa atakayoikuta mkaguzi kwenye tranka aulizie faraghani. Na mtoto amchague mwenyewe mtu mzima mmoja pale shuleni wa kumtunzia kopo lake, awe mwalimu, matroni au hata mpishi. Nasisitiza amchague mwenyewe. Hilo la kupangiwa mtu wa siri nimeliona, na siri ilifika jikoni kabla ya chai.

Wala sioni pa kuhitaji fedha nyingi hapo.

Binti yangu sasa ana miaka 24. Barua hii ameisoma kabla yako. Amefuta mistari miwili, iliyobaki ameniruhusu.

Wako,
Mpiga manyanga mstaafu,
Temeke, Dar es Salaam