Mistari ya kiganja isiwacheleweshe watoto hospitali

Mhariri, salamu kutoka Mikindani.

Naomba nafasi kwenye ukurasa wa barua, najua mnapokea nyingi lakini hii naomba isikatwe sana maana nimekaa nayo moyoni wiki mbili sasa, tangu nisome ile makala yenu ya kusoma viganja iliyotoka kwenye ukurasa wa nyota. Mjukuu wangu ndo aliniletea gazeti, akaniambia bibi lete mkono nikusome. Nikampa wa kulia, akasoma vizuri tu, mstari wa uhai mrefu, mstari wa moyo umepanda mpaka chini ya kidole cha shahada, akafurahi. Halafu akataka wa kushoto. Akanyamaza. Akarudi kwenye gazeti akawa anafuata maandishi kwa kidole mpaka akafika pale mlipoandika kwamba mwenye mstari mmoja uliokatiza kiganja chote ana roho ngumu na maisha yake yana mkosi. Akanikunja vidole mkono ukafumbika, akasema hapa wamekosea bibi.

Basi mkono wangu wa kushoto ndo uko hivyo. Watu wengi wana mikunjo mitatu mikubwa, mmoja unazunguka shina la kidole gumba, wa pili unakatiza katikati, wa tatu uko juu karibu na vidole. Wangu ile miwili ya juu imeungana ikawa mmoja, umetoka ukingo huu mpaka ukingo wa pili kama mtu kapiga rula. Nimezaliwa nao.

Nilianza kuuficha nikiwa madrasa. Wasomaji wa pwani wanajua, tunafundishwa toka wadogo kwamba kiganja cha kushoto kina namba 81 kwa tarakimu za Kiarabu na cha kulia kina 18, ukijumlisha unapata 99, majina ya Mwenyezi Mungu. Watoto tukawa tunafunua mikono kuangaliana, wenzangu wote ile nane imekaa vizuri kama paa la nyumba, mimi kushoto hakuna nane, kuna mstari tu. Mmoja akasema huyu kaja bila majina. Nililia mpaka kwikwi, na kwa siku kadhaa nikawa nashika juzuu kwa mkono mmoja ili ule mwingine ubaki ndani ya mtandio. Mwalimu wetu aliliona lile, hakunihutubia chochote, aliniita penye mtungi akanimiminia maji ya udhu mwenyewe, akasema lete yote miwili. Nikaleta. Mpaka leo nikitawadha nakumbuka yale maji.

Baadaye nikiwa kigori akapita mtu mmoja sokoni anasoma viganja, bibi yangu akanipeleka, yule bwana akaangalia mkono akatikisa kichwa akasema mstari wa moyo umemezwa, huyu hatakaa na mume. Maneno yakatembea mtaa mzima na posa moja ikarudi kimyakimya. Mhariri, mimi nimekaa na mume wangu miaka 31 mpaka Mungu alipomchukua, na nina watoto wanne. Siandiki haya kwa kujisifu, nataka muone neno la mtu mmoja aliyeshika mkono wa mtoto kwa dakika tano linavyoweza kufika mbali.

Nilikuja kusomea uuguzi na ukunga na huko ndo nikaelezwa mkono wangu una nini. Hii mistari ni mikunjo, kama kwenye goti la suruali. Jaribu sasa hivi unaposoma, vuta ngozi ya nyuma ya mkono wako, inavutika na kuteleza, halafu jaribu ya kiganjani, haivutiki, maana imefungwa kwa nyuzi kwenye nyama iliyo chini yake ili tukishika jembe au mpini wa kasia ngozi isizungukezunguke. Sasa ngozi iliyobana hivyo lazima iwe na pa kujikunjia, ndo hiyo mistari. Nayo huanza mapema mno, mimba ikifika wiki ya 12 hivi ile mikubwa imeshakaa, na hapo kiumbe chenyewe ni kama ndimu kubwa, mama wengine hata kliniki hawajaanza kwenda. Kwahiyo mstari ukiwa tofauti, kinachoonekana pale ni jinsi mkono ulivyojiunda kwenye wiki zile. Ni habari ya mwanzoni kabisa mwa mimba, ya mume na mali haimo.

Na kati ya watu 100 wazima kabisa, mmoja mpaka wanne hivi wana mstari mmoja walau kwenye mkono mmoja. Pale soko kuu la Mtwara siku ya Jumamosi wamejaa, wauza samaki, makuli, walimu, hawajijui tu.

Sasa kwa nini madaktari wanauangalia? Kuna kitu kimoja huwa nakikumbuka sana toka chuoni. Mwaka 1866 huko Ayalandi alizaliwa William John Warner, huyu akaja kujiita Cheiro na kuwa msoma viganja mwenye jina kubwa London, watu maarufu wakampa mikono yao awasome. Mwaka huohuo wa 1866 daktari wa Uingereza John Langdon Down akachapisha maelezo ya watoto wa aina fulani waliokuwa wanafanana sura na wanachelewa kujifunza, na ndo maana leo tunasema sindromu ya Down. Baadaye ikaonekana karibu nusu ya watoto hao wana ule mstari mmoja kiganjani. Mwaka 1959 huko Paris kina Jérôme Lejeune, pamoja na Marthe Gautier ambaye ndiye aliyezikuza zile seli maabara, wakatangaza chanzo chake, watoto hawa wana kromosomu, yaani vile vijiuzi vya urithi vilivyo ndani ya seli, 47 badala ya 46. Cheiro alikufa 1936 na mikono yote aliyoshika haikutuachia dawa hata moja, wale wengine walituachia njia ya kumtambua mtoto na kumhudumia.

Lakini angalieni nilivyosema, karibu nusu. Maana yake nusu nyingine hawana huo mstari, na sisi wengine tunao na hatuna ugonjwa wowote. Ndo maana mkunga hasomi mstari peke yake. Nikimpokea mtoto naangalia na macho kama yamepanda pembeni, shingo kwa nyuma kama ina ngozi ya ziada, mwili kama umelegea ukimbeba, kidole cha mwisho kama kifupi kimepinda, nafasi kati ya dole gumba la mguu na la pili. Yakikutana kadhaa namwandikia rufaa, na jibu la uhakika hutoka kwenye kipimo cha kromosomu. Tunakazana hivyo kwa sababu karibu nusu ya watoto wenye Down huzaliwa na tatizo la moyo, na moyo hausubiri.

Hapa ndo penye kidonda changu. Miaka ya mwisho ya 90 nikiwa kwenye zahanati moja huku wilayani, aliletwa mtoto wa miezi minne ana kilo tatu na nusu. Alikuwa ananyonya mafundo mawili anaachia titi, anahema haraka, jasho limemtoka kwenye paji la uso mpaka nywele zimelowa, wakati asubuhi ile kulikuwa na baridi. Nilipomfunua viganja vyote viwili vilikuwa na mstari mmoja mmoja. Nikamuuliza mama, ulikuwa wapi siku zote hizi? Akaniambia siku ya arobaini walimpeleka kwa mtu anayesoma viganja, wakaambiwa mtoto kaja mkono umefungwa, asitolewe nje mpaka iandame miezi mitatu, na wakapewa kitambaa cheupe wamfunge. Kitambaa kilikuwa bado kipo mkononi, kimechakaa. Kadi ya kliniki ilikuwa na tarehe ya kuzaliwa tu, kwingine kote kweupe. Tulimpeleka rufaa kwa gari la kuomba, akafia njiani mapajani kwa mama yake.

Siwezi kusema tungemponya, kwa miaka ile upasuaji wa moyo kwa mtoto wa huku kwetu ulikuwa ndoto. Lakini dawa za kuupunguzia moyo mzigo zilikuwepo, na ile miezi mitatu ilipotea bure. Leo watoto wanapasuliwa moyo hapahapa nchini, kwenye Taasisi ya Moyo ya Jakaya Kikwete pale Muhimbili, kwahiyo sasa hivi mtoto akifungiwa ndani kwa ajili ya mstari inauma zaidi kuliko wakati ule.

Msinielewe vibaya mkadhani nakataa mkono kusomeka. Mkono unasomeka sana, mimi nimesoma mikono miaka 34. Mtoto akiletwa anaumwa tunamshika kiganja kwa pembeni taratibu, hatumvuti vidole nyuma maana ukivivuta damu inakimbia na kiganja kinapauka chenyewe, halafu tunaweka mkono wetu kando tulinganishe rangi. Kikiwa cheupe huyo hana damu, tunatafuta malaria, safura, selimundu. Wengi wamepona kwa sababu ya kile kiganja tu. Na kusoma kunataka umjue mwenye mkono ni nani. Vitabu vinafundisha mistari ya kiganja ikigeuka myeusi yaweza kuwa ugonjwa wa tezi zilizo juu ya figo, alioueleza Thomas Addison mwaka 1855, ila kwetu sisi weusi wengi mistari ina weusi toka tunazaliwa, sasa ukikariri kitabu utamtisha mtu mzima wa afya.

Na kazi nayo inaandika. Nendeni Newala au Tandahimba msimu wa korosho mkawaangalie kina mama wanaobangua kwa mkono. Yale mafuta ya ganda yanaunguza, ngozi inababuka inatoka kama gamba la kitunguu, hata wakipaka majivu yanapenya. Jirani yangu alienda kusajili laini ya simu, mashine ikamkataa kidole gumba mara sita, wakajaribu vidole vyote kumi, wakala akamwambia mama wewe huna alama. Yani mtu kalea watoto watano kwa ile mikono halafu anaambiwa hana alama. Aliniuliza kama ni dalili mbaya. Nikamwambia aache kubangua wiki mbili tatu, apake mafuta, ngozi ikirudi arudi tena. Alirudi na kikakubali. Hawa kina mama wanahitaji glavu, hiyo nayo ingefaa kuandikiwa makala.

Kuhusu mstari wa uhai, ule unaozunguka kidole gumba, mliandika kwamba sayansi imethibitisha ukiwa mrefu mtu anaishi sana. Nadhani mlisikia habari ya wale madaktari wa Uingereza waliopima maiti 100 wakachapisha mwaka 1990, kwamba waliokufa wazee walikuwa na mstari mrefu zaidi. Kipimo hicho kipo kweli. Lakini tuulizane, mzee wa miaka 85 ngozi yake si imelegea na kukunjamana mwili mzima? Mikunjo inarefuka kwa sababu ameishi. Huwezi kuchukua hiyo ukamwambia kijana wa miaka 20 kwamba mstari wake mfupi utamuua mapema.

Wazee wetu wa Kimakonde walikuwa na mistari yao, zile chale za usoni wanazoita dinembo, na hizo zilikuwa na maana kweli, ukimuona mtu unajua katoka wapi. Zilichanjwa na mtu anayejua anachoandika, na waliozisoma walifundishwa. Ya kiganjani hakuna binadamu aliyeichanja.

Ombi langu Mhariri ni dogo. Kama ukurasa wa nyota lazima uendelee basi lile neno mkosi litoeni, na siku mkiandika tena kuhusu mstari mmoja wekeni chini yake kwamba mzazi akiuona kwa mtoto mchanga, hasa viganja vyote viwili, au mtoto anatoka jasho na kuhema wakati wa kunyonya, asimfungie ndani, ampeleke kituo cha afya wiki hiyohiyo. Na ninyi mnaosoma viganja huku kusini, najua mpo na watu wanawaamini kuliko sisi wenye sare, mkiletewa mtoto wa namna hiyo mwambieni mama yake aanzie kwetu. Matibabu ya mtoto wa chini ya miaka 5 kwenye vituo vya serikali ni bure kwa sera, aje tu na kadi ya kliniki, na kama kadi imepotea aje hivyohivyo.

Mkunga mstaafu,
Mikindani, Mtwara