Zuhura, kabla hujaacha kazi

Mpendwa Zuhura,

Salamu nyingi. Barua yako imenikuta mzima, ila nimechoka. Unauliza kama uache gazeti uje kuandika filamu za makala, na tena mwandishi anaandika nini hasa, ikiwa watu wanajisemea wenyewe mbele ya kamera.

Filamu hizi huandikwa mara mbili. Kwanza kabla ya kamera kuwashwa: unatafiti, unawazoea wahusika, kisha unatoa andiko la kurasa chache ambalo mtayarishaji atalipeleka kwa wafadhili. Mengi uliyoyaandika humo hayatatokea. Mara ya pili ni katika chumba cha uhariri, na huko ndiko jasho linakotoka. Filamu niliyomaliza juzi ni ya dakika 52, lakini mahojiano yalikuwa ya saa 38. Nimeyasikiliza yote, nikayanakili neno kwa neno, nikakata karatasi na kuzitandaza sakafuni, nikizihamisha usiku kucha mpaka hadithi ikajitokeza.

Kulikuwa na sentensi moja niliyoipenda mno, ya mama anayemngoja mwanawe. Mhariri akaonyesha picha bila msimulizi: mama ameketi, macho mlangoni. Sentensi yangu haikuwa na la kuongeza. Nikaifuta kwa mkono wangu, na iliniuma. Wewe ndiye utakayeumia zaidi, kwa kuwa gazetini msomaji huona kile tu ulichomwandikia.

Lakini yapo ambayo picha haiwezi kuyasema. Mwaka 1955 Alain Resnais alipotengeneza Nuit et brouillard, filamu ya dakika 32 kuhusu kambi za Wanazi, maelezo yake yaliandikwa na Jean Cayrol, mshairi aliyewahi kufungwa katika kambi hizo. Picha zinatisha, maneno yametulia. Huirudia kila ninapokwama, na kila mara naona jinsi alivyojizuia.

Pesa huja kwa mafungu, na kati ya fungu na fungu kuna miezi. Hilo lipigie hesabu vizuri.

Jumatatu naanza kusikiliza rekodi za kazi mpya. Chukua likizo ya wiki moja uje ukae nami, uvae spika za masikioni, usikilize kutwa. Barua ya kuacha kazi utaiandika baadaye, ukiwa bado unaitaka.

Wako akupendaye,
Rehema