Paa-panya amesingiziwa virusi vya hanta

Mhariri,

Makala yenu kuhusu virusi vya hanta, vinavyoambukiza watu kutoka kwa panya, ilieleza mambo vizuri, ila picha iliyowekwa juu yake ilimsingizia mnyama asiyehusika. Maandishi yalimtaja panya-paa wa Marekani, picha ikamwonyesha paa-panya wa misitu ya Asia. Majina yanakaribiana, wanyama wenyewe wako mbali kabisa, na kosa hili likiwa katika habari ya ugonjwa si la kupuuzwa.

Panya-paa, wa jenasi ya Peromyscus, ni mgugunaji wa Amerika Kaskazini mwenye uzito wa gramu 20 hivi. Mkia wake una rangi mbili, juu mweusi, chini mweupe. Mwaka 1993, watu waliokuwa na afya njema walianza kufa ghafla kwa kushindwa kupumua pale majimbo ya New Mexico, Arizona, Colorado na Utah yanapokutana, na uchunguzi ukafika kwa panya huyu. Mtu huambukizwa akivuta vumbi lenye mkojo, mate au kinyesi chake, mathalani anapofagia stoo iliyofungwa muda mrefu. Zaidi ya theluthi moja ya wanaopatwa na ugonjwa huo wa mapafu hufariki.

Paa-panya ana kwato na hucheua. Yumo katika familia ya Tragulidae, na aliye mdogo zaidi ana kilo 2 hivi, miguu myembamba kama penseli. Hana pembe. Dume huchomoza chonge mbili kutoka taya la juu, na mkitazama tena picha mliyochapisha mtaziona pembeni mwa mdomo. Wengi wanaishi Asia. Afrika ina mmoja, Hyemoschus aquaticus, anayeanzia Afrika Magharibi hadi magharibi mwa Uganda, ambaye akishtuliwa hukimbilia mtoni na kupiga mbizi. Kenya hatunaye leo. Hata hivyo, masalia ya jamaa zake wa kale, Dorcatherium, yamefukuliwa katika Kisiwa cha Rusinga, kwenye mawe ya miaka milioni 18 hivi. Natamani kila mtoto wa nchi hii alijue hilo.

Mimi ni mwalimu, na wanafunzi wangu hukata picha magazetini kwa kazi zao za mradi. Mmoja aliileta hiyo yenu akauliza, "Mwalimu, kwani paa wa msitu wa Karura hapa Nairobi wana virusi?" Swali lake lilikuwa la haki kabisa, kwa kuwa aliyemwona pichani anafanana zaidi na paa na digidigi wetu kuliko panya yeyote. Nilimweleza kwamba paa wa Karura hawahusiki, na kwamba panya-paa hayuko Kenya.

Paa-panya naye ana maadui wa kutosha. Yule wa Vietnam mwenye mgongo wa rangi ya fedha alikaa karibu miaka 30 bila wanasayansi kumwona, hadi picha za kamera za msituni zilipotangazwa mwaka 2019, na mitego ya nyaya bado inawamaliza wanyama wa misitu hiyo. Haifai tumwongezee sifa ya kueneza maradhi.

Naomba mchapishe masahihisho, na katika ukurasa wa watoto muwaweke wanyama hawa wawili bega kwa bega, kila mmoja na jina lake, uzito wake na bara lake.

Mwalimu wa Sayansi,
Kayole, Nairobi