Dada, bakuli lile ulilirudisha mbele za wageni

Dada yangu,

Assalamu alaykum. Ujumbe wako kwenye grupu la familia nimeusoma, na ile sauti uliyotuma usiku nimeisikiliza. Umesema Mama Mdogo tumemzika kama mtu asiye na wenyewe, hatukukusubiri hata siku moja. Kule sikukujibu kwa sababu watoto wake wamo, na tanga lilikuwa halijaanuliwa. Nakujibu hapa. Maneno umeyasema mbele za watu, na wapo jamaa zetu wa Muscat na Dubai wanaosoma ninachoandika, ambao wameshakuunga mkono bila ya kuniuliza neno.

Alifariki baada ya sala ya alfajiri. Adhuhuri ilipoadhiniwa alikuwa ameshaoshwa na kukafiniwa, akasaliwa baada ya alasiri, akazikwa Mwanakwerekwe, hapa Unguja. Ndege ya mapema kuliko zote kutoka huko Uingereza ingekufikisha hapa kesho yake jioni. Wewe ndiye uliyetuambia, siku aliyofariki Baba, kwamba maiti hacheleweshwi, na ukamnyamazisha kaka mbele ya mashekhe alipotaka tusubiri watu wa Pemba. Ungekuwepo ungefanya vilevile, tena ungetufokea kwa kungoja mpaka alasiri.

Hilo nalimaliza. Lisilokwisha ni la bakuli.

Ulipokuja kwenye harusi ya mtoto wa kaka ulisema unataka kuona hii kazi yangu ya kutembeza wageni kwa baskeli ni kazi gani hasa. Nilifurahi, wallahi. Nilikutengenezea ile ya kijani, nikakushushia kiti, nikaibadilisha breki ya nyuma, nikaifunika keria kitambaa ili buibui lako lisinase. Wageni walikuwa wanne, wazee wa Kiholanzi, watu waliokulia juu ya baskeli. Tulianzia Malindi kwenye soko la samaki, jua likianza kupoa. Na nataka uikumbuke safari ile nzima, si mwisho wake tu, kwa sababu ulikuwa mtu mwengine kabisa mpaka tulipofika Kikwajuni.

Darajani niliwasimamisha nikawaeleza kwamba barabara ile kubwa zamani ilikuwa mkono wa bahari, na daraja lilikuwa pale pale wanaposimama. Upande mmoja majumba ya mawe, upande wa pili vibanda vya udongo na makuti vya watu waliokuwa wakiwafanyia kazi wenye majumba. Ukaniongezea wewe kwamba bibi yetu alikuwa akivuka kila asubuhi kwenda kufua Shangani. Sikuwa nimewahi kulisema hilo kwa wageni. Sasa nalisema kila safari, na nasema nimelipata kwa dada yangu. Tukanywa juisi ya miwa, yenye ndimu na tangawizi, nyuma ya soko la Darajani, lile lililofunguliwa 1904. Ukanywa glasi mbili. Glasi zile zilisuuzwa kwenye ndoo, Dada, nilikuwa nimesimama nikitazama.

Michenzani ulinipokonya kazi, na nilikuachia kwa furaha. Mimi nilianza na Mzee Karume na Ujerumani Mashariki, namna mitaa ya zamani ilivyobomolewa ili yale majumba marefu yasimame, wewe ukawaonesha dirisha letu na ngazi tulizokuwa tukipandisha ndoo za maji. Yule mzee mrefu akaandika kwenye kijitabu chake. Rahaleo niliwaonesha ilipokuwa redio, ambako Januari 1964 John Okello alitangaza Mapinduzi, na ukaniashiria nisizidishe, nikakutii. Miembeni tukakaa barazani tukanywa kahawa na kashata, na mzee mmoja akakuita kwa jina la Mama kwa vile mmefanana, ukajifuta macho kwa ncha ya mtandio.

Ndiyo maana sielewi. Kutoka baraza ile mpaka kwa Mama Mdogo, pale Kikwajuni alipokuwa akiuza urojo, ule mchuzi wetu mzito wa manjano, ni mwendo mfupi mno. Ilikupata nini njiani?

Alikuwa anajua unakuja. Tangu asubuhi alikuwa amekuna nazi ya chatini kwa mkono wake mwenyewe, na mkono ule unajua ulivyokuwa unamuuma. Kachori alizifanya ndogondogo kwa sababu ndivyo ulivyokuwa ukizitaka ulipokuwa skuli. Urojo wa siku ile aliutia embe mbichi, si ukwaju, kwa kuwa ulimwambia kwenye simu kwamba ukwaju unakuletea kiungulia. Akakupakulia wewe kwanza, kabla ya wageni waliolipa: mbatata, bajia, kachori, yai, mshikaki uliochopolewa kwenye kijiti, chatini, chenga za muhogo juu yake, pilipili kidogo pembeni. Akakupa kwa mikono miwili.

Ukalishika bakuli. Ukaitazama ile ndoo chini ya meza. Halafu ukawageukia wageni ukasema kwa Kiingereza wawe waangalifu, maji ya huku si salama, bora wasubiri wale hotelini. Ukalirudisha bakuli mezani.

Ulidhani hasikii Kiingereza. Neno la maji alilijua, kila muuza chakula wa mji huu analijua. Na hata asingelijua, bakuli aliliona. Yule bibi wa Kiholanzi alikuwa ameshafikisha kijiko mdomoni, akakishusha taratibu. Mama Mdogo akacheka kidogo, akafunika sufuria, akaniambia, "Wape soda, baba. Watakuwa wamechoka na jua." Akafungua ncha ya kanga yake akatoa pesa akamtuma mtoto dukani. Pesa yake mwenyewe. Wewe ulikuwa umeshapanda baskeli, umetupa mgongo.

Sasa nikwambie kuhusu ile ndoo, maana hukuuliza. Maji yake yalikuwa yamechemshwa. Urojo wenyewe hauondoki juu ya moto: unga wa ngano ulioondolewa madonge kwa maji baridi, manjano, embe lililochemshwa likapondwa, chumvi, unachemka mpaka unapakuliwa. Kinachoharibika upesi kwenye joto letu ni chatini ya nazi, ndiyo sababu hakuuza ya jana hata siku moja na ilipobaki aliimwaga. Kipindupindu kilipoingia na vyakula vya barabarani vikapigwa marufuku, wapo waliouza kwa kujificha uchochoroni. Yeye alifunga, akashona kofia usiku, na sufuria likakaa kifudifudi mpaka ruhusa ilipotoka. Mwanamke huyo ndiye uliyemfundisha usafi mbele za watu. Sare zako za skuli zilitoka kwenye sufuria lile. Kibubu alichokivunja ukapata nauli ya Uingereza kilijazwa na bajia.

Nilinyamaza. Harusi ilikuwa kesho yake, na yeye mwenyewe aliniambia usiku ule, "Usimseme dada yako, huko aliko watu wamezoea vyengine." Nikasema sawa, labda ndivyo.

Halafu ukatuma zile picha za London.

Nazikumbuka moja moja. Umevaa kofia ngumu, uko kwenye baskeli nyekundu, mnafuatana na kiongozi wenu na watu usiowajua. Uko kando ya mto Thames. Uko Borough Market umeshika sahani ya karatasi. Uko Brick Lane kwenye mvua, unakula kwa mkono, umesimama ukingoni mwa barabara, magari yanapita nyuma yako. Ukatuandikia maneno mengi, na ukweli ni kwamba niliyapenda. Ulitueleza habari ya ule msikiti wa pale, namna jengo lilivyojengwa 1743 likawa kanisa la Waprotestanti waliokimbia Ufaransa, mwaka 1898 likawa sinagogi la Mayahudi, na 1976 likawa msikiti wa Wabangali. Ukasema umeishi Uingereza miaka yote hiyo na hukuwahi kuujua mji ule mpaka ulipoupitia kwa baskeli na kula wanachokula wenyeji wake. Ukamalizia kwamba mtu asiyekula barabarani hajafika mjini.

Mama Mdogo alisomewa ujumbe ule na mjukuu wake. Mimi nilikuwepo. Alitaka kuiona picha ya Brick Lane kwa karibu, akauliza, "Hapo anakula nini?" Tukamwambia ni biriani. Akasema, "Mashallah, amenenepa." Basi.

Ulimuuliza muuzaji wa Brick Lane vyombo vyake vinasuuzwa wapi? Uliwageukia wenzako ukawaambia wakale hotelini? Mgeni wa mji ule ulikuwa wewe, na ukapewa bakuli ukapokea. Wa hapa si mgeni, na ukarudisha.

Najua nawe una yako. Najua ulivyoumwa tumbo mwaka ule uliomleta mwanao wa mwisho, ukalazwa naye, na tangu hapo kila ukitua hapa unatembea na chupa ya maji mkononi. Ungemwambia pembeni. Ungesema umeshiba. Uongo wa shibe umetulea sote, Dada, Bibi alikuwa akiusema kila chakula kilipokuwa kichache.

Unasema mwezi wa Disemba unakuja na wanao. Waletee viatu vya kufunga, si makubadhi, kwa sababu ya pedeli. Wavae nguo za kufunika mabega na magoti, mitaa ya Ng'ambo, huku upande wa pili wa Darajani, si ufukweni. Ndani ya vichochoro vya Mji Mkongwe hatupandi, tunazikokota, maana vespa zinatokea kwenye kona bila ya honi na wazee wanatoka msikitini. Picha tunaomba kwanza. Mwezi wa Ramadhani sichukui mtu wa kula mchana, hata alipe nini, nasubiri futari. Na kundi langu sizidishi watu sita. Ukiona kiongozi anakokota watu ishirini wanazuia mlango wa mtu, huyo si mimi, na wewe kwenye ile sauti usiniweke naye fungu moja.

Maana umeniita papasi, kama wale wanaowaganda watalii barabarani bila ya kibali. Mbele ya jamaa wote. Mimi nina kitambulisho cha Kamisheni ya Utalii, nimekaa darasani, nimefanya mtihani. Niliacha kusomesha kwa hiari yangu, kwa sababu mji wetu ulikuwa unasimuliwa nusu. Mji Mkongwe uliingizwa kwenye urithi wa dunia mwaka 2000, na ni haki yake, lakini vitabu vingi vya wageni vinaishia pale Darajani, ng'ambo ya pili wanaachiwa ukurasa mtupu wakati watu wengi wa mji tunakaa huko. Nani atamwambia mgeni kwamba mkate anaokula hotelini umeokwa na mtu wa Miembeni, na samaki wake amebebwa kwenye tenga la baskeli tangu alfajiri? Mimi ndiye niliyeamua kumwambia. Na kila bakuli lililoliwa pale Kikwajuni nililipa bei kamili, sikuwahi kumwomba Mama Mdogo punguzo wala kumlipa kesho. Dawa zake za presha zilitoka kwenye baskeli hizi. Ulipokuwa ukiuliza kwenye grupu nani anamtazama, nilikuwa nikipita kwake kila jioni na watu wenye njaa na pesa mkononi. Sikuwahi kuliandika hilo, na nisingeliandika.

Binti yake mkubwa amesharudi kwenye meza. Urojo wake bado mwepesi kidogo, ila chatini ameipatia. Wageni nawapeleka kama kawaida. Waholanzi wale waliandika kutoka kwao walipopata habari ya msiba, yule bibi akasema anajuta kwamba hakumaliza kijiko chake.

Zile pesa ulizotuma za kulijengea kaburi hatujazigusa. Mashekhe hawapendi kujengea, na mwenyewe aliusia tofali asiwekewe. Wanawe wanafikiria kuzitia kwenye kisima cha msikiti wa mtaani, kwa nia yake. Lakini ni zako, sema wewe.

Kuna moja naitaka kwako, na hii usiijibu kwenye grupu. Baada ya safari ile, kabla hajaanza kuumwa, ulimpigia? Wanawe hawajui. Mimi nilimuuliza mara moja, akaniambia mambo ya mama na mwanawe hayanihusu, akabadilisha mazungumzo. Kama ulimpigia na mkaridhiana, niambie, nilale. Kama hukumpigia, niambie pia, tujue tunamwombea vipi na wewe tunakusaidia vipi. Nakuwa nyumbani kila siku baada ya isha, na simu iko wazi.

Mdogo wako